Nusu malipo, pamoja na Georges Delerue

Jana saa tatu usiku ujumbe uliingia: "Kaka, kazi yako nzuri sana, ila tumeona tubaki na ule wimbo tulioanza nao." Wiki tatu za kinanda na zeze zikaishia hapo. Filamu yenyewe ni ya dakika 18, ya wavuvi. Nitalipwa nusu, wamesema. Sikujibu. Nikaweka spika za masikioni, nikamsikiliza Georges Delerue, mtunzi wa muziki wa filamu, hadi usiku wa manane.

Nilimjua kupitia fidla zake katika Le Mépris, filamu ya Jean-Luc Godard ya mwaka 1963. Fidla zinakuja, zinakatika, zinarudi tena kama mtu aliyesahau kuaga. Alizaliwa mwaka 1925 Roubaix, mji wa viwanda vya nguo kaskazini mwa Ufaransa, na ujana wake aliuanzia kiwandani, mgongo umepinda, klarineti ikimsubiri jioni. Baadaye Paris, kwa mwalimu Darius Milhaud. Mwongozaji wa filamu François Truffaut alimpenda kiasi cha kumweka ndani ya hadithi: katika La Nuit américaine (1973) mwongozaji yuko kwenye simu, Delerue anamsikilizisha muziki mpya, huku yeye anafungua kifurushi cha vitabu. Hadi leo sijaona pahali pengine filamu ikimshukuru mtunzi wake kwa upole namna ile.

Lakini jana usiku nilikuwa nikiifikiria Platoon, filamu ya vita ya 1986. Wakati wa kuhariri, mwongozaji wake Oliver Stone aliwekea picha zake Adagio for Strings, muziki wa ala za nyuzi wa mtunzi Samuel Barber, ishike nafasi tu. (Wanaohariri wanaujua ugonjwa huu: wimbo ukishausikia mara mia juu ya picha, mwingine wowote unakuwa mgeni asiyealikwa.) Delerue akaandika wa kwake. Sehemu kubwa ikawekwa kando, Barber akabaki. Na aliyesimama mbele ya Vancouver Symphony Orchestra kuirekodi ile Adagio ni nani? Delerue mwenyewe. Kaitwa kutunga, kaishia kuongoza utunzi wa mwenzake. Nimejaribu kuiona mikono yake siku ile. Mimi hata ujumbe wa simu ulinishinda kujibu.

Wala haikuwa mara ya kwanza. Kwenye toleo la Italia la Le Mépris waliutoa muziki wake, wakaweka wa Piero Piccioni. Oscar alipata moja, kwa A Little Romance. Akafariki Los Angeles Machi 1992, ana miaka 67 tu. Miaka mitatu baadaye mwongozaji Martin Scorsese akauokota ule wimbo wa Camille, mhusika wa Le Mépris, uleule uliotupwa kule Italia, akautia katika filamu yake Casino.

Asubuhi hii, kabla ya chai, nimejibu: "Sawa kaka. Huo wimbo mnaoutumia, mna ruhusa ya mwenyewe? Kama mtataka upigwe upya, zeze lipo."

Tiki mbili za buluu tangu saa nne. Kimya.