Kalamu Chini Kwanza: Nilivyofundisha Hesabu za Mafumbo Amu

Chombo kimebeba kondoo 26 na mbuzi 10. Nahodha ana umri gani?

Swali hilo si langu. Watafiti wa Grenoble, Ufaransa, waliwauliza watoto wa shule za msingi mwishoni mwa miaka ya 1970, na kati ya watoto 97, 76 walitoa jibu kwa kuzichanganya namba zile mbili. Nami niliwapa wanafunzi wangu wa Gredi ya 8, nikawaambia chombo chenyewe ni jahazi litokalo Mokowe kuja Amu, yaani Lamu. Wengi waliandika 36 na kuinua mikono wasahihishiwe. Nilipouliza 36 imetoka wapi, msichana mmoja alinijibu kwa adabu: "Mwalimu, wewe huwezi kutupa swali lisilo na jibu."

Yule mtoto si mjinga. Tangu aanze shule amezoea kwamba swali la hesabu lina namba, kwamba namba zote lazima zitumike, na kwamba kazi iliyobaki ni kukisia kama ni kujumlisha, kutoa, kuzidisha au kugawanya. Kusoma hadithi yenyewe ni kupoteza wakati. Basi nikaamua kuwanyima namba.

Hivi ndivyo nilivyofanya. Niliandika ubaoni: mfanyabiashara amenunua boriti kwa korja. Baadhi zimeoza, hazifai kuuzwa. Anataka kuuza zilizobaki moja moja na apate faida. Hakuna namba, hakuna swali. Kalamu chini. Kwa kuwa vitabu na mitihani yetu ya hesabu ni kwa Kiingereza, kila mmoja alitakiwa amsimulie mwenzake habari hii kwa Kiswahili cha nyumbani kwao, kisha waseme wao ni maswali gani yanaweza kuulizwa hapa. Darasa lilichangamka. Watoto ambao kwenye hesabu hukaa kimya ndio waliowaeleza wenzao kwamba korja ni boriti 20, kwa sababu baba zao na wajomba zao wanazikata au wanazijengea. Mmoja akauliza kwa nini mnunuzi hakuzikagua kabla ya kulipa. Swali zuri, ingawa halimo kwenye mtaala.

Kisha nikawapa namba: korja 7 kwa shilingi 42,000, zilizooza ni 15, faida anayoitaka ni asilimia 25 ya pesa alizotoa. Auze boriti moja kwa bei gani?

Aliyezoea kukimbia hupita njia fupi. Boriti 140 kwa 42,000 ni shilingi 300 moja, ongeza asilimia 25, ni 375, amemaliza. Lakini waliokwisha kuisimulia hadithi walikuwa wanazikumbuka zile mbovu. Zimebaki 125, na anachotaka kukusanya ni 52,500, kwa hiyo kila moja ni 420. Sikuifuta ile 375. Niliwaambia waziuze boriti zote 125 kwa bei hiyo waone mfanyabiashara atapata nini. Ikatoka 46,875, yaani faida ya 4,875 tu, haifiki hata asilimia 12. Waliotoa jibu hilo waliliona kosa bila mimi kuligusa kwa chaki nyekundu.

Kutofuta ubao nimejifunza kwa Wajapani. Kwao mwalimu huweza kulitumia somo zima kwa swali moja, akaacha njia za wanafunzi zikae ubaoni kuanzia kushoto hadi kulia ili zilinganishwe. Walimu wengi wa Kenya tuliwajua Wajapani kupitia SMASE, mradi wa mafunzo ya walimu wa hesabu na sayansi ulioanza 1998 kwa msaada wao. Kule tulihimizwa kumtanguliza mwanafunzi afanye mwenyewe, na kutumia vifaa vilivyopo mahali tulipo. Mimi vifaa vyangu ni boriti, mashua na mirathi.

Mirathi ndiyo iliyonipa kazi tamu kuliko zote. Watoto wengi darasani kwangu wanatoka madrasa jioni na thumuni (moja ya nane) na sudusi (moja ya sita) wanazijua kwa majina kabla ya kuziona kwenye kitabu cha hesabu. Wala si jambo jipya: al-Khwarizmi, aliyeandika aljebra yake Baghdad katika karne ya 9, alitenga sehemu kubwa ya kitabu hicho kwa hesabu za mirathi. Swali langu lilikuwa hili: mtu amefariki, ameacha mke, kijana mmoja wa kiume na mabinti wawili, na mali ya shilingi 960,000 baada ya madeni na wasia. Mke ana thumuni, na kilichobaki watoto wagawane, wa kiume mafungu mawili, wa kike fungu moja moja.

Hapa nilikataza hesabu kabisa mpaka wachore. Chora ukanda mmoja mrefu, uukate vipande 8. Kimoja cha mke. Vimebaki 7, na mafungu ya watoto ni 4. Saba kwa nne haigawanyiki vizuri, na hapo ndipo darasa liligawanyika lenyewe. Kundi moja lilitaka kutumia desimali. Kundi jingine likaona kwamba ukikikata kila kipande mara nne, ukanda wote unakuwa vipande 32: mke 4, kijana 14, kila binti 7. Jumlisha, zinatimia 32. Kutoka hapo shilingi ni rahisi, kila kipande 30,000, kwa hiyo mke 120,000, kijana 420,000, na binti 210,000 kila mmoja. Uchoraji huu wa kanda ndio Singapore walioueneza katika shule zao tangu miaka ya 1980, na kwangu umefaa hasa kwa uwiano na sehemu. Kwa hesabu za mwendo kasi haujanisaidia sana.

Mwanahesabu George Pólya, mzaliwa wa Budapest, alizipanga hatua za kutatua swali mwaka 1945: kulielewa, kupanga njia, kuifuata, kisha kurudi nyuma kuliangalia jibu. Vyuoni tulizikariri zote nne. Darasani nimeona mbili za katikati zinajisukuma zenyewe ikiwa ya kwanza imepewa nafasi. Ya mwisho ndiyo inayotaka kulazimishwa. Niliwapa swali la maji ya bahari: ikiwa leo yamejaa saa 4:10 asubuhi na kila siku huchelewa kwa takriban dakika 50, baada ya wiki mbili yatajaa lini? Mara 14 ni dakika 700, saa 11 na dakika 40, kwa hiyo saa 3:50 usiku. Mtoto wa mvuvi akasema jibu linawezekana, kwa kuwa maji hujaa mara mbili kwa siku, na asubuhi ya siku hiyo yatakuwa yamejaa karibu saa zile zile za leo. Ukaguzi wa namna hiyo sikuufundisha mimi.

Sikubaliani na wanaosema mtoto aachwe avumbue kila kitu. Walio dhaifu wanazama. Kwao natumia mifano iliyokwisha kufanywa, jambo ambalo John Sweller wa Australia alilionyesha kwenye aljebra tangu 1985: mwanafunzi mgeni wa mada hujifunza zaidi kwa kuchunguza suluhisho kamili kuliko kuhangaika peke yake. Nawapa suluhisho zima walieleze mstari kwa mstari, la pili nafuta mstari mmoja, la tatu miwili.

Malalamiko hayakukosa. Mzazi mmoja alikuja na daftari mkononi: "Mwalimu, siku nzima swali moja? Wa jirani ana kurasa tatu." Nilimwomba amwambie mwanawe amweleze swali lile la boriti bila kutazama daftari. Wiki iliyofuata alinitumia salamu tu, sikujua kama ameridhika. Na hoja yake ina uzito, kwa sababu mtihani wa Gredi ya 9 haungoji mtu asimulie. Kwa hiyo muhula wa mwisho tunafanya kwa saa: dakika moja ya kusoma kalamu ikiwa chini, kupigia mstari kinachotakiwa, kisha kuanza. Wanamaliza, ingawa si wote.

Wasiomaliza wengi wao wana tatizo ambalo mchoro wala simulizi haviliponyi: saba mara nane bado wanahesabu kwa vidole. Hao nawaita kabla ya kengele ya asubuhi, tunakariri jedwali.