Ada ya rufaa na kalenda ya korosho

Katika kazi yangu ya usaidizi wa kisheria hapa Newala, kusini mwa Tanzania, mtu aliyeshindwa kesi ya madai akifika huniuliza kwanza rufaa itamgharimu shilingi ngapi. Mimi humrudishia swali: hukumu ilisomwa lini? Wengine huona ninamkwepa, kumbe tarehe hiyo ndiyo itakayoamua kama fedha zake zitakuwa na kazi ya kufanya.

Kuhusu kiasi, viwango vimo katika Kanuni za Ada za Mahakama za mwaka 2018, Tangazo la Serikali Na. 247, na majedwali yake hutaja aina za nyaraka pamoja na ada zake. Anayetaka kukisia gharama ya rufaa anapaswa kuhesabu nyaraka atakazowasilisha, kwa sababu sababu za rufaa ni waraka mmoja, maombi yoyote yanayoambatana nazo ni waraka mwingine, na kiapo kinachounga mkono maombi hayo nacho kina hesabu yake. Hapa ndipo wengi hushtuka. Mtu amekata rufaa, akarudi nyumbani akiamini kwamba mambo yamesimama, kisha dalali wa mahakama anatokea na amri ya kukazia hukumu. Rufaa peke yake haizuii utekelezaji wa hukumu. Anayetaka uzuiwe hana budi kuomba, na kuomba huko kuna ada yake.

Ngazi ya mahakama nayo ina uzito, hasa katika siku. Shauri lililoanzia Mahakama ya Mwanzo hukatiwa rufaa Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30. Mgogoro wa shamba uliosikilizwa na Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kama shauri lililoanzia hapo huenda Mahakama Kuu, ambayo kwa watu wa huku ni kanda ya Mtwara, na siku zake ni 45. Anayetoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufani hutoa kwanza taarifa ya kusudio la kukata rufaa ndani ya siku 30. Zamani wengi walilazimika pia kuomba kibali cha kukata rufaa, yaani maombi mengine na ada nyingine, lakini marekebisho ya sheria ya mwaka 2023 yaliliondoa sharti hilo. Mashauri yaliyoanzia Mahakama ya Mwanzo bado yanahitaji Mahakama Kuu ithibitishe kwamba ipo hoja ya kisheria.

Sasa niseme habari ya korosho. Minada hufunguliwa Oktoba, na kwa kaya nyingi za Newala, Tandahimba, Masasi hata Nachingwea, fedha ya maana huingia kati ya mwezi huo na mwisho wa mwaka. Ikifika Aprili imekwisha kwenye ada za shule na chakula, na kilichobaki kinasubiri palizi na dawa ya kupulizia. Mahakama haina msimu. Mzee mmoja aliyeshindwa mwezi wa Aprili katika kesi ya deni la kupuliziwa mikorosho alinijia na sababu zake za rufaa zimeandikwa vizuri, tena kwa mkono wake. Kwenye simu yake kulikuwa na ujumbe wenye kumbukumbu namba ya malipo, tarakimu 12, ambao hakuwa ameushughulikia.

"Karatasi zangu wameshazipokea," aliniambia. "Hiyo hela, mwanangu, nitalipa msimu ukifunguliwa."

Nilimwomba radhi kwa haraka yangu, tukaenda moja kwa moja kwa wakala wa simu, maana siku zake zilikuwa zinayoyoma. Mahakama ya Rufani, katika shauri lililoripotiwa mwaka 1992, ilisema kwamba tarehe ya kufungua shauri ni ile ada ilipolipwa, na wala si ile nyaraka zilipopokelewa masijala. Kanuni za mwaka 2018 za kufungua mashauri kwa njia ya kielektroniki huhesabu siku ambayo waraka umewasilishwa kwenye mfumo kabla ya saa sita usiku, na mawakili wamebishana namna kanuni hiyo inavyokaa pamoja na msimamo wa zamani. Wabishane wao, mkulima wa Kitangari, huku kwetu Newala, hana sababu ya kugharimia ubishi huo. Namba ikitoka, ilipwe siku hiyohiyo.

Asiye na kitu kabisa anaweza kuomba msamaha wa ada, naye huleta uthibitisho wa hali yake, mara nyingi barua ya mtendaji wa kijiji. Watendaji wengine husita kuandika barua hiyo kwa mtu mwenye mikorosho, na hapo mimi hubishana nao, kwa sababu mkorosho wa Aprili haulipi ada ya mtu yeyote. Ombi hilo pia lipelekwe ndani ya muda, kwani ukata ukitajwa baada ya siku kwisha unakuwa sababu dhaifu ya kuongezewa muda.

Ada iliyolipwa inaweza kurudi. Mrufani akishinda na mahakama ikaamuru alipwe gharama, atawasilisha hati ya gharama, yaani orodha ya alichotumia katika kesi, ndani ya siku 60 tangu amri hiyo, na msajili au afisa anayeikagua atataka kuona stakabadhi. Ujumbe wa simu hufutika na simu zenyewe hupotea, kwa hiyo nilimchapia mzee ile risiti na kuibana nyuma ya nakala yake ya sababu za rufaa.