Linda Blair alipofika Manzese

Miaka ya tisini mwanzoni Manzese, Dar es Salaam, ilijaa mabanda ya video. La mtaani kwetu lilikuwa la mabati, mabenchi ya mbao na televisheni moja juu ya meza. Jioni moja mwenye banda akaandika kwa chaki kwenye ubao wa mlangoni: LEO MTOTO ALIYEPAGAWA. Ilikuwa The Exorcist ya mwaka 1973, kanda imechoka mpaka picha inachezacheza.

Bibi mwenye nyumba wetu, Mzaramo, fundi wa kupunga pepo, banda hakuwahi kulikanyaga. Aliposikia kuna mtoto wa Kizungu kapandisha, akajitupia kanga, akaniambia, "Nipeleke." Wakampisha benchi la mbele.

Linda Blair, binti aliyeigiza huyo mtoto, alipotapika ule uji wa kijani (kumbe supu ya njegere), banda zima likapiga kelele. Bibi kimya. Mapadri walipoanza kumrushia mtoto maji ya baraka, akasonya. "Hawa wanamgombeza tu. Ubani hakuna, chano hakuna, hata kumuuliza anataka nini hawamuulizi. Atatokaje?" Watu wa nyuma wakacheka, halafu wakajirudi. Nani amuudhi fundi usiku?

Tulikuwa bado tunasubiri mwisho, umeme ukakatika. Mlango ulikuwa mmoja. Mimi nilitoka na ndala ya mtu.

Nje ndiko yalikoanza maneno. Kijana mmoja akaapa kwamba yule binti alikuwa na mashetani ya kweli na alishakufa na wazimu wake. Mwingine akasema kalaaniwa, mtoto gani anatukana vile mbele ya mapadri? Bibi akawakatiza: "Mtoto wa watu yuko kazini. Na sauti ile si yake. Ile ya mtu mzima, tena mvuta sigara."

Miaka mingi baadaye nikasoma kwamba sauti ya shetani ilikuwa ya Mercedes McCambridge, aliyevuta sigara na kumeza mayai mabichi ili imkwaruze. Bibi masikio alikuwa nayo! Blair alikuwa na miaka 14 filamu ilipotoka. Wakamteua kuwania Oscar, na watu wengine wakamtishia kumuua eti anamtukuza shetani, hadi studio ikamwekea walinzi nyumbani kwao kwa miezi sita. Hapo nikawasamehe kidogo vijana wetu wa Manzese. Wao waliishia kusema tu. Amecheza filamu nyingi tangu hapo, lakini mtaje leo popote uone: "Si yule wa kichwa kuzunguka?" Kazi ya utotoni, na mpaka leo haijamwachia.

Mwenye banda wala hakujali laana. Jumamosi akairudisha kanda ileile, kiingilio akapandisha, na chini ya maandishi yake akaongeza: BIBI MGANGA KATHIBITISHA. Bibi alipoambiwa, akajifunga kanga yake, akaenda kudai fungu lake.