Kahawa yako kuitwa "acidic" ni sifa

Mkulima wa Moshi akisoma "high acidity" kwenye ripoti ya waonjaji, asishtuke: kahawa haijachacha. Kwao huo ni uchangamfu mdomoni, kama wa limau, na wanausifia. Iliyoharibika wanaiandikia "ferment", na mara nyingi chanzo ni kahawa iliyomenywa kuachwa kwenye tangi kupita muda wake.

"Body" ni uzito wa kinywaji ulimini. Ukitafsiri "mwili" umempoteza msomaji kabisa.

Wanaonja hivi: gramu 8.25 za unga, mililita 150 za maji ya nyuzi 93, kusubiri dakika 4, kisha "break", yaani kuvunja utando wa juu kwa kijiko huku pua ikiwa karibu. Harufu ya kweli hutoka hapo.

"PB" ni kifupi cha "peaberry": punje moja ya mviringo kwenye tunda, badala ya mbili.