Kutoka Iqaluit hadi mahame ya mama

Hapana, Wainuiti, wenyeji wa asili wa kaskazini mwa Kanada, hawakai kwenye nyumba za barafu. Natanguliza hilo kwa sababu tangu nirudi Dodoma kila anayekuja kunipa pole ya safari anaanzia hapo, na baba mdogo ameuliza tena akidhani mara ya kwanza nilimtania. Nyumba ya theluji ilikuwa ya msimu wa baridi na ya safari za kuwinda. Kiangazi kikifika watu walihamia kwenye mahema ya ngozi. Leo Mwinuiti wa mjini anaishi kwenye nyumba ya mbao iliyoinuliwa juu ya nguzo, maana ardhi ya kule imeganda mwaka mzima, na nyumba yenye joto ikilala chini moja kwa moja itaiyeyusha na kuanza kutitia. Nyumba nyingi maji yanaletwa na boza. Ndiyo, boza.

Nilikuwa dereva wa teksi Iqaluit, makao makuu ya eneo la Nunavut, kaskazini mwa Kanada. Nunavut ilianza rasmi tarehe 1 Aprili 1999. Ukubwa wake unapita mara mbili ya Tanzania, lakini sensa ya 2021 ilikuta watu wasiofika 37,000. Wote wangeingia Uwanja wa Mkapa na viti vikabaki. Hakuna barabara ya kwenda mji mwingine wowote, ni ndege tu, na meli barafu ikiachia. Teksi inatoza kwa kichwa, bei moja popote uendako mjini, na dereva anaokota wengine njiani. Kwa hiyo mzee, muuguzi, mlevi na mtoto wa shule mnakuwa gari moja, na nje baridi ikiwa nyuzi 30 chini ya sifuri hakuna mwenye haraka ya kushuka. Watu wanaongea.

Nilibeba wazee waliozaliwa kambini, kambi za familia chache kando ya bahari, ambazo zilihama kufuata sili (mnyama wa baharini mwenye manyoya), samaki na karibuu, aina ya kulungu wa kaskazini. Hao hao leo wana simu janja. Mabadiliko ambayo kwetu yalichukua vizazi kadhaa, wao wameyamaliza ndani ya umri wa mtu mmoja. Na hayakuanza kwa amri moja. Biashara ya ngozi za mbweha weupe iliporomoka miaka ya mwisho ya 1940, mtego ukawa haulipi. Mwaka 1945 Kanada ilianza kutoa posho ya watoto, baadaye zikaja shule na zahanati, na wapo wazazi walioambiwa kwamba mtoto asipopelekwa shule posho itakatwa. Mtoto anabaki shuleni, mama hawezi kumwacha, baba anafuata. Kambi zikaisha hivyo, moja baada ya nyingine.

Halafu mbwa. Hili kila mzee alilisimulia kwa namna yake, lakini kiini ni kimoja. Mwindaji anakuja kijijini na sleji, chombo cha kuteleza kwenye theluji kinachovutwa na mbwa, kununua risasi na chai, pengine kumwona mgonjwa. Sheria ya vijijini inataka mbwa wafungwe. Wake hawajazoea kufungwa, na mwenyewe hajaelezwa sheria kwa lugha yake. Akitoka dukani anakuta polisi wamewapiga risasi. Sasa atarudije kambini, safari ya siku nzima au zaidi juu ya barafu? Harudi. Anakaa hapo hapo, bila nyumba, bila kazi, na ustadi wake wote hauna pa kutumika. Pikipiki za theluji zilikuja, ndiyo, lakini zinakunywa mafuta, na mafuta yanataka pesa. Ngozi za sili zilizokuwa zikileta hiyo pesa nazo zilikosa bei baada ya Ulaya kupiga marufuku ngozi za watoto wa sili mwaka 1983, ingawa Wainuiti huwinda zaidi sili wakubwa.

Wapo waliohamishwa wazi wazi. Mwaka 1953 serikali ilichukua familia kutoka Inukjuak, kaskazini mwa Quebec, ikazipeleka takriban kilomita 2,000 kaskazini zaidi, Grise Fiord na Resolute. Waliahidiwa wanyama tele, na kwamba baada ya miaka miwili asiyependa atarudishwa. Ahadi ya kurudishwa haikutimizwa. Grise Fiord jua halichomozi kuanzia mwanzo wa Novemba hadi Februari, na watu wa Inukjuak hawakuwahi kuwinda katika giza la namna hiyo. Serikali iliomba radhi mwaka 2010. Miaka hamsini na saba.

Nisije nikawafanya mkawaonea huruma tu, maana hawaitaki. Siku moja nilibeba mama mmoja na mtoto wa kiume wa miaka kama mitano, na mama huyo anamwita mtoto "mjomba". Nikacheka. Akanieleza kwamba mtoto amepewa jina la mjomba wake yeye mama, aliyefariki, kwa hiyo ni mjomba, na huwezi kumgombeza ovyo. Tangu miaka ya 1940 serikali iliwapa Wainuiti visahani vya namba vya kuvaa shingoni, E kwa wa mashariki na W kwa wa magharibi, kwa sababu majina yao yaliwashinda makarani. Visahani vimekwisha. Mjomba yupo kiti cha nyuma anakula biskuti.

Basi nimerudi, na jioni namsimulia mama haya yote. Alinisikiliza hadi kwenye mbwa, akasema, "Mbwa ndio walikuwa ng'ombe wao." Nikamuuliza kuhusu mwaka 1971, Operesheni Dodoma, watu walipohamishiwa vijiji vya ujamaa, yeye akiwa binti. Akasema mtama ulibaki kwenye kihenge, wakarudi kuuchukua na kukuta mchwa na wezi wamegawana. Zizi likawa mbali na malisho. Makaburi ya babu zake yalibaki kule. Kisha akanikata kabla sijaanza hotuba: "Lakini bila kijiji wewe usingesoma, wala mimi nisingekuzalia zahanati."

Sisemi ni jambo lile lile. Waliotuhamisha sisi walikuwa watu wetu, tukawajua kwa majina, na shule ilifundisha kwa Kiswahili tunachokielewa. Kule mtoto aliadhibiwa shuleni kwa kusema lugha ya mama yake. Ila kwenye ripoti utahesabiwa nyumba na madarasa, na mama anahesabu vitu vingine kabisa.

Nikamwambia mwaka 2019 serikali ya Kanada iliomba radhi pia kuhusu hao mbwa. "Waliwarudishia?" Nikamjibu kwamba baada ya radhi hiyo kulitengwa fedha, na sehemu yake ni ya kufufua ufugaji wa mbwa wa sleji. Akasema hiyo ni radhi yenye akili.

Wiki ijayo tunakwenda mahame. Mama anasema mbuyu wa babu yake bado upo, binamu anasema pale pamelimwa zabibu na mwenye shamba ni mkali. Bodaboda ametaka elfu ishirini kwenda na kurudi. Mama amekataa, anasema kwa bei hiyo atatembea.