Saa kumi ya kwenye kadi yangu

Juzi nilikuwa nyumbani Tanga namsaidia mama kupanga kabati, sio la nguo, lile la chini anakoweka makaratasi yake yote tangu enzi hizo, risiti, picha za watu ambao hata majina yao amesahau, vyeti vya shule vya marehemu mjomba. Ndani ya bahasha moja ya kaki nikakuta kadi yangu ya kliniki. Imekuwa ya njano, kona moja imeliwa na mende, ila maandishi bado yanasomeka. Jina la mama, kilo 3.1, tarehe 23/9/91, na kwenye mstari wa saa nesi ameandika kwa peni ya bluu: 10.00. Basi. Hakuna asubuhi, hakuna jioni.

Nikakaa chini palepale sakafuni maana hiyo saa nimeitafuta miaka.

Ngoja nieleze. Tangu niko sekondari mi sijawahi kuwa na uhakika na nyota yangu. Bwenini tulikuwa tunagombania gazeti likishaingia, ukurasa wa nyota ndo ulikuwa unaisha kuchanika kwanza, na gazeti letu lilikuwa linasema Mashuke ni 24 Agosti mpaka 23 Septemba, kwa hiyo mimi Mashuke, tena wa siku ya mwisho kabisa. Nikaishi hivyo, nikajiona kweli ndo mimi, mtu wa kukagua kagua vitu na kusahihisha, siwezi kulala vyombo viko nje. Baadae nimeshapata simu ya intaneti naweka tarehe yangu inaniambia Mizani, Mizani inaanza 23. Yani huku ni wa mwisho kule ni wa kwanza. Na nikisoma za Mizani, mtu wa kupima huku na kule, hapendi ugomvi, kuamua kitu kimoja wiki nzima, na huyo pia ni mimi kabisa! Watu wakiniambia chagua tu moja nilikuwa naumia, kwa sababu nyota sio kitambaa cha gauni useme nachukua hiki.

Nilichokuja kuelewa taratibu, na natamani mtu angenieleza mapema, ni kwamba msimu wa nyota hauanzi na tarehe. Unaanza na dakika. Ile njia ya jua angani wanaihesabu kama duara la nyuzi 360, linakatwa mapande 12, kila pande nyuzi 30, jua likifika kwenye mpaka basi limeingia, iwe saa sita mchana iwe usiku wa manane, halisubiri kalenda ibadilike. Punda inaanza Machi pale mchana na usiku vinapokaribia kulingana, na Mizani inaanza Septemba vinapokaribia kulingana tena, jua likiwa limekaa juu ya mstari wa ikweta. Nadhani ndo maana jina Mizani linanipendeza sana, pande mbili zimelala sawa.

Sasa mwaka sio siku 365 kamili, una kama masaa sita ya juu, kwa hiyo kila mwaka ile dakika inasogea mbele karibu masaa sita, halafu ikija tarehe 29 Februari inarudishwa nyuma. Ndo maana 2023 jua liliingia Mizani tarehe 23 Septemba saa 3:50 asubuhi kwa saa zetu, 2024 ikawa tarehe 22 saa 9:44 alasiri, 2025 tarehe 22 tena saa 3:19 usiku. Gazeti linachapa tarehe zilezile kila mwaka kwa sababu haliwezi kuandika dakika za kila mwaka, halijakosea sana, ila sisi tuliozaliwa mpakani ndo tunaachwa njiani.

Na misimu yenyewe hailingani urefu. Mapacha na Kaa zinakaa siku 31 na kitu, Mbuzi siku 29 na nusu hivi, kwa sababu mwanzoni mwa Januari dunia inakuwa karibu zaidi na jua na inakwenda mbio zaidi. Hii ilinishangaza kuliko yote, nilikuwa naona kama nyumba 12 za kupanga zenye vyumba sawa, kumbe kuna wanaokaa muda mrefu na wanaopita haraka.

Najua wengine hawahesabu hivi. Babu yangu alikuwa anatafuta nyota kwa jina lako na jina la mama yako, anageuza herufi kuwa namba, tarehe ya kuzaliwa haulizi kabisa, na majina yake yalikuwa Hamali, Thauri, Jauza, Sumbula, sio haya ya gazetini (Sumbula ndo Mashuke). Wahindu nao jua kwao linaingia Mbuzi katikati ya Januari, siku wanayoiita Makar Sankranti, wakati kwa hesabu ya magazetini limeshaingia tangu 21 au 22 Disemba, wao wanafuata nyota zenyewe zilipo angani na hizo zimesogea kidogo kidogo, nyuzi moja kwa kila miaka 72 hivi. Siwezi kusema nani kakosea. Mi nimelelewa na hesabu ya gazeti, enzi jina la mnajimu Sheikh Yahya Hussein liko mdomoni kwa kila mtu, kwa hiyo humo ndo nataka nijijue.

Haya turudi kwenye kadi. Mwaka 1991 jua liliingia Mizani tarehe 23 Septemba saa 12:48 mchana kwa saa za Greenwich. Hapo ndo watu wa kwetu wanapotea, lazima kwanza uongeze masaa matatu, inakuwa 15:48, halafu utoe sita upate saa ya Kiswahili, saa 9:48 alasiri. Saa kumi kasoro dakika kumi na mbili. Sasa nesi kaandika 10.00. Kama aliandika saa ya Kizungu ya asubuhi ni saa nne, mimi Mashuke bila ubishi. Kama ni saa kumi yetu ya jioni basi mimi Mizani kwa dakika 12 tu. Kuna saa kumi ya alfajiri, Mashuke. Na kuna 10.00 ya usiku, saa nne, Mizani moja kwa moja. Namba moja ina watu wanne ndani yake, unaona hiyo?

Nikatoka uani na kadi mkononi. Mama kakaa kwenye mbuzi anakuna nazi.

"Mama, mi nilizaliwa saa ngapi?"

"Mchana. Jua kali kweli siku hiyo."

"Mchana wa saa ngapi sasa?"

Akaendelea kukuna kidogo, akasema, "Baba yako alikuwa kaenda kuswali alasiri, msikiti ule wa karibu na hospitali. Karudi kakuta ushaoshwa, umefungwa kwenye kanga yangu. Hakuamini, maana kaniacha nalia."

"Na adhana uliisikia?"

"Niliisikia yote mwanangu. Nesi ananiambia tulia, tulia, bado. Mi nikasema Mola wangu nipe nafasi na mimi." Hapo akaacha kukuna kabisa, kifuu mkononi, akawa anaangalia ukuta. "Ikaisha. Ukakaa, ukakaa… ndo ukatoka."

Sikuwahi kumuuliza hili katika maisha yangu yote na mbele ya ile sinia ya nazi nikaona nilikuwa natafuta dakika kwenye simu wakati mwenye nayo yupo uani.

Basi asubuhi imetoka, usiku umetoka, alfajiri imetoka. Ni saa kumi yetu, ya alasiri. Lakini adhana ya alasiri Tanga mwisho wa Septemba inakuwa kama saa tisa na nusu kasoro kidogo, swala nayo haichukui muda, na baba anarudi anakuta nimeshaoshwa, kwa hiyo inawezekana kabisa nesi aliandika kumi ya kukadiria, alivyopata nafasi ya kushika peni. Nimezaliwa kwenye ile nusu saa. Jua lilivuka saa 9:48, na mimi nipo humo humo, kabla au baada, dakika chache huku au kule.

Usiku sikulala, nikawa nasoma zaidi, na nikakutana na kitu ambacho bado kipo kichwani. Hizo dakika zote wanazohesabu ni za katikati ya jua, kile kitovu chake. Jua lenyewe ni pana, angani lina kama nusu ya nyuzi, na kwa siku linasogea karibu nyuzi moja, kwa hiyo mpaka livuke lote, kutoka ukingo wa mbele mpaka wa nyuma, linachukua kama masaa 13. Maana yake siku ile, mama anasikiliza adhana pale kitandani, jua dirishani lilikuwa nusu lipo Mashuke na nusu lipo Mizani. Nusu kwa nusu, karibu sawasawa kabisa. Nimesoma hiyo sentensi mara nyingi sana.

Asubuhi nikamweleza mama, taratibu, kwa mkate na chai. Alisikiliza mpaka mwisho. Hakusema kitu kuhusu nyota. Akaniuliza tu iko wapi hiyo kadi, nikampa, akaomba na peni, akavaa miwani yake, na pembeni ya ile 10.00 ya bluu akaandika kwa herufi kubwa za polepole: ALASIRI. Kidole chake kilikuwa na chai kidogo, karatasi ikaloa pale chini ya herufi ya mwisho, akaipuliza ikauke kabla hajanirudishia.