Shauri la kikatiba au shauri la madai?

Wateja wengi wenye mgogoro wa ardhi na halmashauri hufika kwa wakili wakiwa wameshaamua kwamba kesi yao ni ya Katiba. Siwalaumu, kwa sababu ibara ya 24 ya Katiba ya Tanzania inalinda haki ya kumiliki mali, na ibara ya 30(3) inamruhusu yeyote ambaye haki yake ya msingi imevunjwa kufungua shauri Mahakama Kuu. Tatizo ni kwamba mlango huo una mlinzi. Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi ya mwaka 1994, katika kifungu cha 8(2), inaizuia Mahakama Kuu kutumia mamlaka yake ya kikatiba pale inaporidhika kwamba mlalamikaji ana, au alikuwa na, njia nyingine ya kutosha ya kupata nafuu. Wakili wa Serikali aliyesoma kifungu hicho hana haja ya kujibu hoja zako za mali; anawasilisha pingamizi la awali, na shauri linafutwa kabla ya mtu yeyote kuuliza kiwanja ni cha nani.

Lilinganishe hilo na shauri la Rebeca Gyumi dhidi ya Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Alichokilalamikia hakikuwa kosa la ofisa fulani, bali Sheria ya Ndoa yenyewe, iliyoruhusu msichana kuolewa akiwa na miaka 15 kwa ridhaa ya wazazi. Hati ya madai, yaani ile inayofungua shauri la madai la kawaida, isingeweza kuondoa kifungu cha sheria. Mahakama Kuu ilikubaliana naye mwaka 2016, na mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ikaitupa rufaa ya Serikali.

Kwa maoni yangu, swali la kumuuliza mteja ni hili: mzee wangu, ukishinda, unataka amri isemeje? Akijibu kwamba anataka kiwanja chake na fidia, basi hilo ni shauri la madai, tena lenye masharti yake: notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu kuunganishwa kama mdaiwa, na kufunguliwa Mahakama Kuu. Huko mashahidi wataitwa na kuhojiwa, na hati zitapokelewa kama vielelezo, jambo ambalo hati za kiapo, yaani maelezo ya maandishi yaliyoapiwa yanayotumika katika shauri la kikatiba, haziliwezi vizuri pale pande mbili zinapobishana kuhusu mipaka na malipo. Akisema anataka tu uamuzi wa ofisa utenguliwe, ipo njia ya tatu ambayo husahaulika sana, yaani maombi ya mapitio ya mahakama, ambapo Mahakama hukagua kama uamuzi ulifuata sheria, na ambayo kibali chake huombwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi ulipotolewa.

Marekebisho ya mwaka 2020 ya Sheria hiyo ya Haki na Wajibu wa Msingi yalimtaka mlalamikaji wa kikatiba pia aeleze kwa kiapo jinsi alivyoathirika yeye binafsi, na awe amemaliza njia nyingine kwanza. Wanaharakati walilalamikia sharti hilo, na nadhani walikuwa na haki ya kulalamika. Kwa mwenye kiwanja, hata hivyo, hatari kubwa ni muda. Madai ya ardhi yana ukomo wa miaka 12, lakini madai yatokanayo na mkataba yana miaka 6, na saa haisimami kwa sababu tu uko mahakamani na shauri lisilo sahihi. Sheria ya Ukomo inaruhusu muda huo uondolewe kwenye hesabu, ila mzigo wa kuthibitisha kwamba uliendesha shauri la kwanza kwa nia njema na kwa bidii unabaki juu yako.